Jinsi Jardine Alivyomtegea Bradman

Nani angemzuia Donald Bradman? Swali hilo liliwakosesha Waingereza usingizi tangu 1930, kijana huyo wa Australia mwenye miaka 21 alipofunga mikimbio 974 katika mechi tano za Testi, yaani kriketi ya kimataifa, dhidi yao, rekodi ya mfululizo mmoja ambayo mpaka leo haijavunjwa.

Jibu alilileta Douglas Jardine, nahodha wa Uingereza katika ziara ya Australia ya 1932–33, mtoto wa wazazi wa Kiskoti aliyezaliwa Bombay mwaka 1900, akasoma Winchester na Oxford, akafuzu uwakili, akaichezea Surrey kama mchezaji wa ridhaa. Sisi ridhaa tumeizoea kwenye ndondi, ambako ni hatua ya kupitia kabla bondia hajaanza kupigania fedha. Kwa Waingereza wa enzi zile ilikuwa cheo. Mchezaji wa ridhaa hakulipwa mshahara, lakini alikuwa na chumba chake cha kubadilishia nguo na mara nyingi lango lake la kuingilia uwanjani, na unahodha wa taifa ulikuwa kama urithi wake. Ni mwaka 1952, kwa Len Hutton, mchezaji wa kulipwa, ndipo ukoo huo ulipokatika. Cheo hiki nitakirudia, maana bila hicho mtego haueleweki.

Kushambulia upande wa miguu ya mpigaji hakukuwa jambo jipya. Frank Foster alifanya hivyo Australia katika ziara ya 1911–12, na Jardine alimfuata kumuuliza alivyowapanga wadakaji wake. Agosti 1932 akala chakula cha jioni Piccadilly, London, na Harold Larwood na Bill Voce, warushaji wa Nottinghamshire, pamoja na nahodha wao Arthur Carr. Mazungumzo yalianzia kwenye jambo dogo: mwaka 1930 uwanjani Oval, baada ya mvua, Bradman alionekana kuhangaika na mipira ya Larwood iliyoinuka kifuani. Na bado alifunga 232! Wengi wangetazama hizo 232. Jardine alitazama kule kuhangaika.

Mtego wenyewe ulikuwa hivi: mpira unadundishwa mfupi, kwenye mstari wa mwili, uinuke mbavuni, begani au kichwani. Kofia ngumu hazikuwapo. Upande wa miguu wanasimama wadakaji wanne au watano karibu kabisa na mpigaji, na wawili wengine mbali kwenye mpaka. Upande wa pili unaachwa karibu mtupu. Sasa jiweke mahali pa mpigaji. Ukijikinga kwa gongo, mpira unapaa kidogo na kuangukia mikononi mwa walio karibu. Ukiufyatua kwa nguvu, wa mpakani wanakungoja. Ukiinama, pengine huu ndio ule usioinuka. Ukisimama wima, utaumia. Na haya yote yalikuwa halali. Kikomo cha wadakaji wawili nyuma ya mpigaji upande ule kiliwekwa baadaye, mwaka 1957.

Husemwa kwamba siri ilikuwa kasi ya Larwood. Kasi alikuwa nayo, mpigaji alibakiwa na chini ya nusu sekunde. Lakini mpango huu bila shabaha ni hasara tupu, kwa kuwa mpira ukipotoka kwenda upande usio na watu ni mikimbio minne ya bure. Larwood, aliyefanya kazi migodi ya makaa ya mawe utotoni, hakuwa mrefu, hivyo mpira wake mfupi uliteleza kuelekea mwilini badala ya kupaa juu ya kichwa. Tena hakuanza nao. Mpira mpya aliurusha kwa mtindo wa kawaida ili upinde hewani. Ulipopoteza mng'ao, Jardine alipiga makofi na wadakaji wakahamia upande wa miguu.

Bradman alijibu kwa kurudi nyuma kuelekea upande wa miguu na kuchapa kule kutupu. Ni ujasiri, ila uliviacha wazi vijiti vya wiketi nyuma yake. Larwood alimtoa mara nne, mbili kati ya hizo kwa kuviangusha. Bradman alimaliza na wastani wa 56.57. Kwa binadamu mwingine yeyote huo ni wastani wa kujivunia; yeye miaka miwili nyuma alikuwa na 139.14. Uingereza ikashinda mechi nne kati ya tano, Larwood akiwa na wiketi 33, yaani wapigaji aliowatoa.

Turudi kwenye cheo. Gubby Allen, mrushaji wa kasi wa timu ileile, alikataa katakata kurusha mipira ya mwilini. Alikuwa wa ridhaa, mhitimu wa Eton. Jardine hakumwacha nje ya timu, na katika mechi ya Adelaide Allen akachukua wiketi nane kwa njia ya kawaida. Nawab wa Pataudi, naye wa ridhaa, alikataa kusimama kwenye mtego. Alikuwa amefunga mia katika mechi yake ya kwanza, lakini baada ya ya pili aliwekwa benchi. Larwood na Voce walikuwa wa kulipwa. Sioni wangekataa kwa mdomo gani.

Adelaide ndiko mambo yalikochafuka. Tarehe 14 Januari 1933 mpira wa Larwood ulimpiga nahodha wa Australia, Bill Woodfull, juu ya moyo, wadakaji wakiwa wamepangwa kawaida. Larwood aliporudi kumrushia tena, Jardine akawahamishia upande wa miguu. Nadhani kupanga kule, kuliko pigo lenyewe, ndiko kulikowaudhi watazamaji. Siku nne baadaye bodi ya kriketi ya Australia iliipelekea MCC, klabu iliyosimamia kriketi ya Uingereza, simu ya maandishi ikisema uchezaji huo si wa kiungwana.

Miezi sita baadaye, Old Trafford, Learie Constantine na Manny Martindale wa West Indies walimrushia Jardine mipira ileile. Hakurudi nyuma hata hatua moja. Akafunga 127, mia yake pekee katika Testi. Mwaka 1934 akatangaza kwamba hatacheza dhidi ya Australia. Larwood aliletewa ombi la kuomba radhi kwa jinsi alivyorusha chini ya nahodha huyo. Alikataa. Hakuichezea tena Uingereza.