Mafundi wa Kuzimu

Buyenzi inasifika Bujumbura nzima kwa mafundi wake. Gari lililokatiwa tamaa kwingine hupelekwa huko, na mara nyingi hurudi barabarani likinguruma. Lakini ufundi ninaotaka kuusifu hauachi grisi mikononi wala hauna karakana. Ni ufundi wa kuchimba mapango kwa maneno matupu, usiku, uani, na kuwateremsha humo watoto wa watu mpaka chini kabisa, kisha kuwarudisha salama kabla mama zao hawajawaita kulala.

Bibi mmoja wa mtaa huo ndiye aliyetuteremsha sisi. Msichana huangusha mtungi kisimani, akaufuata, akaikuta nchi nyingine huko chini, yenye njia panda, ng'ombe weupe, na bikizee mwenye vidonda anayeomba kuoshwa mgongo. Mwenye adabu hurudi juu na bangili, na mwenye kiburi hurudi na aibu. Kisa chenyewe mnakijua, kila nyumba ina namna yake.

Cha ajabu ni jinsi alivyolijenga pango. Mtambaji asiye fundi hukwambia pango lilikuwa kubwa, lenye giza, la kutisha mno, nawe usione kitu. Bibi hakueleza. Alisema tu, "Hapa inameni, dari iko chini," na sisi tuliokaa mkekani, juu yetu mbingu tupu, tukainamisha shingo. Hakuna aliyecheka. Akanyamaza kidogo, na katika kimya kile kila mmoja akaanza kusikia maji yakitiririka mahali fulani mbele. Tulitambaa naye hivyo, shingo zikiuma, hata watoto wadogo wakaanza kunung'unika. Ndipo aliposema, "Haya, nyookeni." Kwa neno hilo moja ukumbi mzima ulifunguka juu ya vichwa vyetu. Sijamwona mjenzi mwingine awezaye kuinua dari kwa gharama ndogo namna hiyo.

Kisha alikuwa na maswali. "Tumefika mlangoni. Mlango wa nini huu?" Mtoto mmoja akadakia, "Wa bati!" kwa kuwa ndio mlango alioujua kwao. Bibi hakumkosoa. Tangu usiku huo mlango wa kuzimu ukawa wa bati, ukilia kila unaposukumwa, na ole wake bibi mwenyewe akisahau na kuuita wa mbao. Kushoto ni kwa bikizee, kulia ni mto usiovukwa, nyuma ya mto zizi. Ramani ile haikuandikwa popote, lakini hatukupotea hata siku moja.

Buyenzi ilipangwa wakati wa Wabelgiji, mji ukiitwa Usumbura, iwe makazi ya Waswahili. Wakakutana hapo watu wenye asili ya Ujiji, ya Kongo, ya pwani, pamoja na Warundi wenyewe. Ndiyo maana katika ua mmoja ungesikia "Paukwa!" ikijibiwa "Pakawa!", na baada ya hadithi kuisha, zamu ya vitendawili ikifika, "Sokwe!" ya Kirundi ikijibiwa "Niruze!" Wazee wa pande zote mbili walikubaliana katika jambo hilo: msemaji asiendelee mpaka ameitikiwa. Anayeitikia ndiye anayefungua.

Msafiri Stanley hakulijua hilo. Mwaka 1876 alilizunguka ziwa letu, Tanganyika, kwa mashua, na katika kitabu alichokitoa 1878 akaandika kisa cha asili yake kama alivyosimuliwa na wenyeji. Palikuwa na bonde lenye watu wengi, na humo mtu na mkewe waliokuwa na kisima kirefu kilichojaa samaki, siri ya nyumba yao. Mume akasafiri. Mke akamwonyesha hawara wake kisima, naye akatia mkono kushika samaki. Ardhi ikapasuka, bonde likadidimia hata kamba ndefu zisifike chini, maji yakafurika. Wanajiolojia nao wanasema ardhi iliachana, bonde likazama, maji yakajaa. Kina cha ziwa leo kinafika kama mita 1,470, na duniani ni Baikal pekee linalolizidi. Waliotunga kisa hawakuwa na kipimo chochote, na hawakukosea sana.

Kisa hicho nilikisikia uani pia, na hapo ndipo ilipo tofauti. "Samaki gani?" bibi aliuliza, na ua mzima ukalipuka: mukeke! ndagala! sangala! Kwenye ukurasa wa Stanley kuna samaki. Kisimani mwetu kulikuwa na chakula cha jioni, na mkono wa yule hawara ulipoingia majini tuliona uchungu kama tumeibiwa sisi. Na mwaka 2020 Gatumba, jirani na Bujumbura, ilipofunikwa na maji, watu wazima wakizungumzia mvua na mto Rusizi, mtoto mmoja wa jirani aliuliza ni nani tena aliyekifungua kile kisima. Nilimwonea fahari.

Juzijuzi mjukuu wa bibi, kijana mwema, aliamua kumhifadhi. Akaweka simu mbele yake, akazima redio, akawatoa watoto uani ili sauti itoke safi. Bibi alisema "Paukwa," akangoja. Kijana akamwashiria aendelee. Aliendelea. Pango lililokuwa likitumalizia usiku mzima likaisha upesi kuliko chai kupoa. Hakusema "inameni", angemwambia nani? Mlango haukuwa wa bati wala wa mbao, ulikuwa mlango tu.

Tunapenda kulalamika kwamba watambaji wamekwisha, na makaburi yao ni mengi kweli. Lakini bibi yule bado yu hai, kumbukumbu zake zote anazo, na pango limebomoka akiwa amekaa juu ya mkeka uleule. Tulidhani ufundi ule ulikuwa wake peke yake. Nusu yake ilikuwa yetu, ya kuinama, kudakia na kukosoa, nasi tumeiacha bila hata kujua kwamba tulikuwa mafundi. Watoto wetu wanaonyeshwa mapango yaliyokwisha kuchorwa, yenye rangi zote na ngurumo zote, na hakuna anayewauliza mlango ni wa nini. Kwa hiyo usiende kumwomba bibi hadithi kama huna wa kuitikia. Nami kila nyumba ninayoingia siku hizi, hao ndio ninaowakosa.