Thoni hakupewa maneno: tusome tena mchezo wa kwanza mrefu wa Ngũgĩ

Wandugu wasomi, wengi wetu tuko na mchezo wa teatri umelala ndani ya kaye, tunangoja mtu mkubwa atuite. Miye nilisoma kilimo, si teatri, lakini nataka tuzungumzie The Black Hermit.

Ngũgĩ wa Thiong'o aliuandika akiwa mwanafunzi ku Makerere, jina lake bado James Ngugi. Mu Novemba 1962, mwezi moja tu nyuma ya uhuru wa Uganda, ulichezwa ku Teatri ya Taifa, Kampala. Wanafunzi wenzake njo waliutia ku jukwaa.

Remi ni msomi wa kwanza wa kabila yake. Kaka yake anakufa, baba anamtaka amuoe mjane, Thoni. Anamuoa, kisha anakimbilia mji. Wazee wanamfuatia na dawa, pasta na Biblia. Kila mmoja anataka masomo yake yamtumikie. Hapo Ngũgĩ alitujua kabisa. Nani kati yetu hajaambiwa, «Tulikusomesha, sasa utatufanyia nini?»

Lakini mchezo uko na ugonjwa. Remi anahutubu mno. Anarudi kijijini kuvunja ukabila, anamkana Thoni mbele ya watu. Thoni, mwenye kuumia zaidi, anapewa maneno machache. Anajiua, na ni barua yake inatujulisha kama alimpenda. Yaani mwanamke anakufa ili bwana apate somo.

Wengine watasema: ni mchezo wa kwanza mrefu, tumsamehe. Miye nasema kosa linaonekana juu mchezo ulichezwa. Ndani ya kaye lingefichika.

Tena, kijiji cha Remi kinasema Kiingereza! Wamama wengi wa kijiji kama kile hawangesikia kitu. Mu 1977, ku Kamĩrĩĩthũ, Ngũgĩ na Ngũgĩ wa Mĩrĩĩ walileta Ngaahika Ndeenda kwa Kigikuyu, ukachezwa na wakulima na wafanyakazi wenyewe. Serikali ya Kenya iliukataza, na mwisho wa mwaka Ngũgĩ akafungwa. Ule wa 1962 haukumfunga mtu.

Basi, wewe mwenye kaye: kusanya wenzako, omba darasa siku ya posho, mucheze. Lakini mbele ya kugawa nafasi, hesabu kwanza: Thoni wako anasema mara ngapi? Na mama yako, akikaa ku benchi ya mbele, atasikia?