Asis si 'Jua Tu'
Majuzi hapa Bondeni, Nakuru, nilimsikia kijana akisema ati wazee wa Kikalenjin 'waliabudu jua tu'. Hilo 'tu' ndilo lililonikera. A.C. Hollis, katika kitabu chake kuhusu Wanandi cha mwaka 1909, alimtaja Asista, yaani jua, kuwa mungu wao mkuu. Ila Kikalenjin kina Asis, jina la Mungu, na asista, jua tunaloliona. Mzizi mmoja, maana mbili. Wachaga nao wana Ruwa: ni jua, ni Mungu. Mbona sisi tukisema 'Mungu ni nuru' hatuitwi waabudu taa? Hebu, msomaji, tuitafsiri imani ya jirani kwa heshima ileile tunayoidai kwa yetu.