Fever Ray: albamu ya saa tisa usiku

Vinyweleo vimenisimama na wimbo wa kwanza haujafika hata nusu! Sauti nzito, kama ya mzee aliyefungiwa ndani ya pipa, inaimba polepole juu ya besi inayovuma bila kupumzika. Ni mwanamume? Ni jini? Ni Karin Dreijer wa Sweden, na huyo mzee ni sauti yake mwenyewe iliyoshushwa kwa mitambo.

Najua, albamu ilitoka 2009 na mimi ndiyo kwanza naifungua. Nichekeni tu. Tena wimbo huo, "If I Had a Heart", nilikuwa nikiusikia miaka yote: ndio unaofungua tamthilia ya Vikings. Nikadhani umetungwa kwa ajili ya mashua na mashoka. Kumbe umetoka kwenye nyumba yenye mtoto mdogo!

Hapo ndipo nilipokamatika. Dreijer alikwishajulikana kwa The Knife, kundi lake na nduguye Olof. Humu anatoka peke yake kwa mara ya kwanza, kwa jina la Fever Ray, na kazi imepitia Rabid Records, lebo yao wenyewe ndugu hao wawili. Hakuna bosi wa kumwambia aongeze kibwagizo cha kuchezeka. Alikuwa amepata mtoto wa pili, na nyimbo hizi zimebeba ule ulevi wa kukosa usingizi. Aliyewahi kubembeleza mtoto saa tisa usiku anaujua: feni inaongea, kivuli cha pazia kinapumua. "Concrete Walls" ndiyo hali hiyo hasa. Sauti inaburuzika, midundo inaburuzika, na wewe msikilizaji kope zinakuwa nzito huku moyo unakwenda mbio. Hakuna mizimu humu, jamani. Giza lote limetoka jikoni na chumbani, na ndiyo maana linatisha.

Halafu "Seven"! Mapenzi na sabuni ya mashine ya kuoshea vyombo vinatajwa kwa pumzi moja, na bado koo linakukaba. Nimeirudia mara nne. "When I Grow Up" inameremeta, vinanda vinadondoka kama matone ya bati baada ya mvua. "Keep the Streets Empty for Me" ni ya upole kiasi kwamba nilisahau kuvuta pumzi.

Nina lawama moja. "Coconut", ya mwisho kati ya nyimbo 10, inakaribia dakika 7 na inazunguka mno kabla sauti haijaingia. (Jina lisikudanganye, hakuna ufukwe humo.) Lakini ilipokwisha nilibonyeza mwanzo tena, kwa hiyo lawama yangu ina thamani gani?

Isikilize usiku, taa zimezimwa, na uvae hedifoni. Kwa spika ya simu ile besi ya kwanza hutaisikia kabisa.