Hati Mbili Katika Ukurasa Mmoja

Kiswahili kimeandikwa kwa hati mbili. Ya kwanza ni ya Kiarabu, nayo ndiyo iliyotuhifadhia tenzi za kale. Nakala ya Utendi wa Tambuka, kwa mfano, ina tarehe ya mwaka 1728. Ya pili ni ya Kirumi, ambayo ilienezwa na wamisionari na serikali za kikoloni, ikawa hati ya shule, ofisi na magazeti. Wanafunzi wetu wa sekondari huzisoma tenzi hizo kwa hati ya pili tu, na wengi hudhani kwamba ziliandikwa hivyo tangu mwanzo. Kosa si lao. Ni letu sisi tunaotayarisha vitabu bila kuwaonyesha walau ukurasa mmoja wa asili.

Jambo hili lilinigusa kwa sababu ya daftari. Hapa Mpanda, mzee mmoja alinijia ofisini na daftari la marehemu baba yake, mtu wa Ujiji, lililojaa mashairi kwa herufi za Kiarabu. Walimu walikuwa wakitayarisha kijitabu cha tungo za mkoa wetu wa Katavi, nasi tukakubaliana kwamba mashairi mawili yachapwe kwa hati zote mbili, kurasa zikitazamana. Kazi ilipotoka kwa mchapaji, upande wa Kirumi ulikuwa safi, lakini upande wa Kiarabu ulikuwa umevunjika. Herufi hazikushikana, zilipangwa kutoka kushoto kwenda kulia, irabu zilikuwa zimedondoka, na mahali pa p na ch palikuwa na visanduku vitupu. Mzee alivaa miwani, akatazama kwa muda mrefu, kisha akasema: "Mwanangu, haya si maneno ya baba. Haya ni mifupa yake." Kijitabu kile hatukukitoa.

Tuulize basi kosa lilikuwa wapi. Herufi nyingi za Kiarabu zina maumbo manne: la peke yake, la mwanzo wa neno, la kati na la mwisho. Kompyuta huhifadhi namba ya herufi tu, kwa utaratibu wa Yunikodi. Umbo linalofaa huchaguliwa na programu ikisaidiana na fonti, yaani seti ya maumbo ya herufi iliyotengenezwa kwa ajili ya kuchapa. Programu isipoujua utaratibu huo, herufi husimama mbalimbali kama watu waliogombana. Na fonti isipokuwa na herufi inayotakiwa, hutoa kisanduku.

Kiswahili kina mahitaji zaidi ya Kiarabu chenyewe. Sauti za p, ch na v hazimo katika alfabeti ya Kiarabu. Baadhi ya waandishi wa zamani waliitumia herufi moja kwa b, p na mb. Na kwa kuwa irabu za Kiarabu ni tatu, alama moja ilibeba e na i, nyingine o na u. Hivyo "bibi" na "pembe" yaliweza kuandikwa sawasawa, msomaji akategemea maana kuyatenga. Wataalamu wetu hawakukaa kimya juu ya hilo. Mwalimu Yahya Ali Omar wa Mombasa, pamoja na P. J. L. Frankl, alitoa mwaka 1997 mapendekezo ya kuandika Kiswahili kwa hati ya Kiarabu bila utata huo. Kwa hiyo fonti inayotufaa ni ile yenye p ya nukta tatu chini, ch ya nukta tatu, v ya nukta tatu juu, na alama za kutenga irabu zote tano.

Lipo na suala la haki. Baadaye niligundua kwamba fonti iliyotumika katika kijitabu chetu ilikuwa imenakiliwa kutoka katika programu ya mtu mwingine bila idhini. Mimi ni mtunzi, na mashairi yangu yanapochapwa bila ruhusa hulalamika. Nitamwibiaje herufi zake mchora herufi, ambaye huenda alikesha miaka juu ya mkunjo wa waw? Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, inayolinda mashairi na pia programu za kompyuta. Aidha, bure si huria. Fonti nyingi hutolewa bure kwa matumizi ya nyumbani tu, na shule ikichapa kijitabu cha kuuza imekwisha kuvuka mpaka. Fonti huria ni ile ambayo leseni yake inaruhusu kuitumia, kuirekebisha na kuigawa. Leseni iliyoenea zaidi ni SIL Open Font License, iliyotolewa kwanza mwaka 2005. Inakataza kuiuza fonti peke yake, lakini kitabu kilichochapwa kwayo ni mali ya mwenye kitabu. Kwa mkoa wetu faida yake ni kubwa: mwalimu wa Mpanda akishaipata mara moja, anaweza kuwanakilia wenzake wa Karema na Mishamo bila kuvunja sheria.

Sasa nizihukumu baadhi yake. Amiri, kazi ya Khaled Hosny wa Misri, inafufua herufi za naskh za kiwanda cha chapa cha Bulaq, Cairo, za mwanzoni mwa karne ya 20. Ina herufi za Kirumi pia, na hati mbili hizo zinakaa pamoja kwa heshima. Kwa ushairi naiweka mbele, mradi nafasi kati ya mistari iongezwe ili irabu zisigongane. Noto Naskh Arabic inasomeka vizuri kwenye kioo cha kompyuta, lakini yafaa ioanishwe na fonti ya Kirumi ya ukoo wake, Noto Serif. DejaVu Sans ina hati zote mbili, nayo inafaa kwa maelezo na matangazo. Kwa utenzi, mkono wake ni mkavu mno. Ipo pia fonti huria iitwayo Andika, iliyotengenezwa na SIL kwa ajili ya wanaojifunza kusoma. Jina lake ni la Kiswahili na herufi zake ni wazi. Bali hati ya Kiarabu haimo. Fonti yenye jina letu haiwezi kuandika mashairi ya babu zetu!

Kabla ya kumkabidhi mchapaji kazi, mwalimu na aijaribu fonti kwa mstari mmoja. Mimi hutumia huu:

Ng'ombe wapita pangoni, chui avizia nyumba.

Ndani yake zimo p, ch, v, ng' na ny, na irabu zote tano. Uandikwe kwa hati mbili, uchapwe kwenye karatasi, kisha apewe mzee aliyesoma chuoni ausome kwa sauti. Akijikwaa, fonti hiyo haifai, hata iwe nzuri vipi machoni.

Hatudai kurudisha hati ya Kiarabu mashuleni badala ya ile tuliyoizoea. Tunadai kwamba mwanafunzi anayefundishwa mizani na vina aone pia mkono ulioviandika kwanza. Zamani tuliweza kusingizia gharama ya risasi za chapa. Leo herufi zipo, ni halali, na hazitozwi hata senti. Daftari la mzee limo kabatini mwangu, na safari hii ukurasa wa kwanza nitampelekea yeye kabla ya mtu mwingine yeyote.