PARAFINI: JINA KONGWE LA KEMIA NA MATATIZO YA MAANA YAKE KATIKA KISWAHILI

Utangulizi

Tangu Baraza la Kiswahili la Taifa lilipoundwa nchini Tanzania mwaka 1967, mijadala ya istilahi imeelekea zaidi kwenye swali la asili: je, neno jipya litwaliwe kutoka Kiingereza, Kiarabu au lugha za Kibantu, ama liundwe kutokana na hazina ya Kiswahili chenyewe? Swali hilo lina uzito wake. Hata hivyo limefunika swali jingine ambalo halina uzito mdogo, nalo ni hili: neno likisha kuingia, linabeba maana ngapi, na ni nani anayepata hasara maana hizo zinapogongana?

Makala haya yanalichunguza swali hilo la pili kwa kutumia neno moja tu, parafini. Neno hili limechaguliwa kwa sababu tatu. Kwanza, ni jina kongwe la kemia ambalo historia yake yajulikana vyema. Pili, lina maana zisizopungua nne, na zote zingali hai. Tatu, vitu vinavyotajwa kwa jina hili vimo majumbani: katika taa, katika jiko, katika mshumaa na katika chupa ya dawa. Kosa la maana katika neno la namna hii si kosa la mtihani tu.

Chimbuko la jina

Mwaka 1830 mwanakemia Mjerumani Karl von Reichenbach alipata, kutokana na lami ya mti, dutu nyeupe iliyofanana na nta. Jambo lililomshangaza ni uzito wa dutu hiyo katika kuingiliana na dutu nyingine. Asidi kali haikuidhuru, wala alkali haikuibadilisha. Kwa hiyo aliiita kwa maneno mawili ya Kilatini, parum, yaani ‘kidogo’ au ‘haba’, na affinis, yaani ‘aliye jirani’ au ‘aliyehusiana na wengine kwa ndoa’.

Yafaa msomaji wa Kiswahili atue hapa kidogo. Affinis si ndugu wa damu. Ni mkwe, shemeji au wifi. Wanakemia wa karne ya 18 na 19 walizoea kueleza mwelekeo wa dutu kuungana kwa istilahi za ukwe, kana kwamba kila dutu ilikuwa ikitafuta mchumba. Parafini, kwa tafsiri ya karibu, ni ‘isiyo na wakwe wengi’. Jina hili basi halikutaja umbo wala rangi wala matumizi ya kitu. Lilitaja tabia yake. Na tabia hiyo ni ya kweli hata leo, kwa kuwa atomu za kaboni katika dutu za jamii hii zimeunganishwa kwa vifungo vya pekee na kujazwa haidrojeni hadi pasibaki nafasi. Zilizokwisha kujaa hazina haja ya mwingine.

Mtawanyiko wa maana

Maana ya kwanza, basi, ni nta. Ndiyo maana ambayo Wamarekani na Wafaransa wameishikilia zaidi, na ndiyo iliyomo katika mishumaa mingi iuzwayo madukani Afrika Mashariki.

Maana ya pili ilizaliwa Uskoti. Mwaka 1850 James Young alipata hataza ya kutengeneza mafuta kwa kukaanga makaa ya mawe kwa moto wa polepole. Mafuta hayo yalikuwa na nta ya Reichenbach ndani yake, naye akayaita mafuta ya parafini. Baada ya muda neno ‘mafuta’ likadondoka, na Waingereza wakabaki na parafini tupu kwa maana ya mafuta ya kuwashia taa. Upande wa pili wa Atlantiki, Abraham Gesner aliyaita mafuta ya namna hiyo hiyo kerosini katika mwaka 1854, kutokana na neno la Kiyunani lenye maana ya nta. Hivyo majina yote mawili, la Uingereza na la Marekani, yana nta katika historia yao, ilhali kitu chenyewe ni mafuta mepesi yanayomiminika kama maji.

Maana ya tatu ni ya wanakemia wenyewe. Katika nusu ya pili ya karne ya 19 walilipanua jina hili liwe la ukoo mzima wa haidrokaboni zilizojaa, kuanzia methani, ambayo ni gesi, hadi nta ngumu. Kwa maana hii parafini si kitu bali ni aina. Maana ya nne ni ya wafamasia: parafini ya majimaji, mafuta safi yasiyo na rangi wala harufu, yatumiwayo kulainisha choo na kutengenezea malhamu.

Wapo watakaosema kwamba hapa hapana jambo geni. Kiswahili kina maneno mengi yenye maana zaidi ya moja: kaa ni kiumbe wa pwani na ni kipande cha moto, paa ni mnyama na ni sehemu ya nyumba. Muktadha hutosha kutenganisha. Hoja hii ni sahihi kwa kaa na paa kwa sababu maana zao zimo katika nyanja zilizo mbalimbali. Hakuna anayewinda paa la nyumba. Maana za parafini zimo katika uwanja mmoja. Zote ni mafuta au jamaa ya mafuta, zote huuzwa kwa chupa au kwa pakiti, na mbili kati yake huweza kukaa katika rafu moja ya nyumba. Mgonjwa anayeambiwa anywe parafini, naye nyumbani kwake ajua parafini moja tu, ile ya taa, hana muktadha wa kumwokoa. Mafuta ya taa yakinywewa huweza kuingia mapafuni na kuyadhuru vibaya, hasa kwa watoto. Kwa hiyo polisemi ya neno hili ni ya namna ambayo mtaalamu wa lugha hana ruhusa ya kuitazama kwa utulivu.

Jawabu la mtumiaji: mafuta ya taa

Wazungumzaji wa Kiswahili hawakungoja kamati. Walikuwa na taa zao tangu kale, zilizowashwa kwa mafuta ya nazi na ya ufuta. Bidhaa mpya ilipoingia waliipa jina la kazi yake, mafuta ya taa. Bidhaa hiyo ilifika katika mikebe ya bati, na mkebe wenyewe ukaingia katika lugha kwa neno lenye asili ya Kihindi, debe. Debe la galoni nne za Kiingereza, yaani takriban lita 18, likawa kipimo cha mahindi na cha maharagwe kwa watu ambao hawakuwa wakifikiri habari ya mafuta hata kidogo.

Jina mafuta ya taa lina sifa ambayo parafini haina: halimdanganyi mtu kuhusu matumizi. Linalo pia upungufu wake. Jina litokanalo na kazi huchakaa kazi inapobadilika. Mafuta haya hupikia katika jiko la utambi, na mafuta ya ndege nyingi za jeti ni ya aina hii hii. Nchini Kenya yalichanganywa mno na dizeli na wafanyabiashara wadanganyifu, hata mwaka 2018 serikali ikaweka tozo ya shilingi 18 kwa kila lita ili kukomesha mchezo huo. Hapo kilichotajwa kwa jina la taa kilikuwa kikiteketea ndani ya injini za malori. Hata hivyo upungufu huu ni mdogo. Lugha huvumilia majina ambayo kazi imeyaacha nyuma, kama inavyolivumilia debe. Lisilovumilika ni jina linaloelekeza mkono kwenye chupa isiyo yake.

Jambo hilo ladhihirika zaidi Kiswahili kinapovuka mipaka. Nchini Kenya na Tanzania petroli ni mafuta ya gari, kwa kufuata Kiingereza. Mashariki mwa Kongo, ambako lugha jirani ya kiserikali ni Kifaransa, petrole ni mafuta ya taa. Mafuta ya gari ni esanse, na dizeli ni mazutu. Kinyarwanda nacho kimefuata njia hiyo hiyo kwa peteroli na lisansi. Watu wawili wasemao Kiswahili fasaha, kila mmoja kwa desturi ya kwao, waweza kupatana bei ya petroli bila kupatana juu ya kitu chenyewe. Tofauti si ndogo. Mvuke wa mafuta ya taa hauwi mwepesi kushika moto mpaka mafuta yenyewe yapate joto la nyuzi 38 za Selsiasi au zaidi. Mvuke wa petroli ya gari hushika hata katika baridi ya nyuzi 40 chini ya sifuri. Anayetia petroli katika kibatari akidhani ni mafuta ya taa ametia mlipuko mezani. Wanaotazamia Kiswahili kiwe lugha ya biashara ya eneo zima hawana budi kulipa jambo hili nafasi mbele ya mabishano mengi ya matamshi.

Darasani: vokali za Hofmann

Kwa maana yake ya tatu, ile ya ukoo wa haidrokaboni, jina parafini lilikwisha kupata mrithi. Mwaka 1866 August Wilhelm Hofmann alipendekeza kwamba majina ya haidrokaboni yatofautishwe kwa vokali za viambishi tamati, zikifuatana a, e, i, o, u kwa kadiri haidrojeni inavyopungua. Mkutano wa Geneva wa mwaka 1892 uliijenga sehemu ya mfumo huo kuwa kanuni ya kimataifa. Parafini ikapisha jina lenye a, olefini jina lenye e, na jamaa ya asetilini, baada ya marekebisho, jina ambalo Kiingereza huliandika kwa y.

Hapa ndipo ulipo udhaifu mkubwa katika desturi ya kutohoa istilahi. Anayefuata maandishi ataandika alkani, alkeni na alkini. Anayefuata matamshi ya Kiingereza ataandika alkeni, alkini na alkaini. Tokeo ni kwamba alkeni ni dutu iliyojaa kwa mwandishi mmoja na isiyojaa kwa mwingine, na alkini vilevile hubeba maana mbili. Etheni ya mwalimu wa kwanza huivisha ndizi. Etheni ya mwalimu wa pili ni gesi nyingine kabisa, jamaa ya methani. Makosa ya kawaida ya tahajia humfanya msomaji asitesite; kosa hili humpa neno kamili, sahihi kwa sura, lenye maana ya kitu kingine.

Sababu ya mgongano huu ni ya kifonetiki. Hofmann alijenga mfumo wake juu ya thamani za herufi za Kilatini. Kiingereza kilikwisha kuzihamisha vokali zake ndefu karne kadhaa kabla yake, hata a ikasikika karibu na e, na e ikasikika kama i. Kiswahili hakikupatwa na mageuzi hayo. Kina vokali tano tu, nazo ni zile zile tano za Hofmann, kila moja na herufi yake na sauti yake isiyobadilika. Kwa nadra sana lugha pokezi hujikuta inaufaa mfumo wa kisayansi kuliko lugha iliyouleta. Kuuacha ufaafu huo kwa ajili ya kuiga masikio ya Mwingereza ni kuukataa urithi ambao Kiswahili kilikuwa nao tayari.

Kwa upande mwingine, majina makongwe yana nguvu ambayo yafaa kukiriwa. Parafini, olefini na asetilini hutofautiana kwa mizizi, si kwa vokali moja. Msikilizaji aliye nyuma ya darasa lenye kelele hawezi kuzichanganya. Labda ndiyo sababu mojawapo iliyoyafanya yadumu katika viwanda vya kusafishia mafuta duniani, ingawa vitabu vya kemia vimeyapa kisogo.

Hitimisho

Uchunguzi huu waelekeza kwenye mgawanyo wa kazi, si kwenye kulifuta neno. Kwa kitu kiwashwacho katika taa na jiko, mafuta ya taa yatosha, na kamusi zinazotaja petrole ya Kongo ziweke onyo la wazi kando yake. Kwa kitu cha mishumaa, itumike nta ya parafini, neno la nta likitangulia. Kwa dawa, iandikwe parafini ya dawa, wala isiandikwe parafini tupu juu ya chupa yoyote. Kwa ukoo wa haidrokaboni zilizojaa, itumike alkani, pamoja na methani na ethani, na kanuni ya kufuata herufi za Kilatini itangazwe mwanzoni mwa kila kitabu cha kemia kitakachoandikwa kwa Kiswahili.

Kanuni hii ya mwisho yaweza kuonekana kuwa ni jambo dogo la tahajia. Lakini Kenya hufundisha kemia kwa Kiingereza, na walimu wake watakaoandika Kiswahili cha sayansi watakuwa na sauti za Kiingereza vichwani mwao. Wasipopewa kanuni kabla ya kuandika, kila mmoja ataandika alivyosikia, na vitabu viwili vilivyo sahihi, kila kimoja kwa upande wake, vitampotosha mwanafunzi mmoja.