Sasa na Zamani: Kuhakiki Nadharia ya Wakati ya John Mbiti na Manufaa Yake Katika Darasa la Fasihi

Utangulizi

Mwalimu mwenzangu, suala la wakati katika riwaya huwatatiza sana wanafunzi wetu. Wakikuta marehemu anazungumza na walio hai, au sura inayorudi miaka ishirini nyuma, huandika "mbinu rejeshi" kisha wakaweka nukta. Ni kwa nini nyakati mbili zimekutanishwa? Hapo kimya.

Makala haya yanahakiki kitabu kinachoweza kutufaa katika tatizo hilo: African Religions and Philosophy cha John Mbiti, kilichochapishwa mwaka wa 1969. Ingawa kimeandikwa kwa Kiingereza, nguzo mbili za nadharia yake ya wakati ni maneno ya Kiswahili: Sasa na Zamani. Msimamo wetu ni kwamba kitabu hiki kinastahili kuingia darasani, ila dai lake kuhusu wakati ujao lisipokelewe bila kupingwa.

Madai ya Mbiti

Mbiti, mzaliwa wa Kitui aliyefariki mwaka wa 2019, anadai kuwa Mwafrika wa jadi hauoni wakati kama mstari mmoja unaokwenda mbele. Kwake kuna Sasa, yaani yanayotendeka, yaliyotendeka majuzi na yaliyo karibu mno kutendeka. Kisha kuna Zamani, ambayo ni pana kuliko Sasa na ndiyo inayoyapokea mambo yote yakishapita. Nyakati hizi mbili hazitenganishwi kwa ukuta, huingiliana. Mtu aliyekufa hubaki katika Sasa madhali wapo wanaomkumbuka kwa jina. Akifa wa mwisho anayemkumbuka, ndipo anapozama katika Zamani.

Kuhusu wakati ujao, Mbiti anasema haupo ila kidogo tu, na hauvuki miaka miwili hivi. Ushahidi wake mkuu ni vitenzi vya Kikamba na Gikuyu.

Ubora wa nadharia

Sisi tunaofundisha Migori na Homa Bay hatuhitaji kwenda mbali kuuona ukweli wa sehemu ya kwanza. Miongoni mwa Waluo, mtoto hupewa jina la jamaa aliyefariki, na mara nyingi inasemekana kuwa marehemu mwenyewe amelidai jina hilo katika ndoto. Jina linapoitwa uani, Zamani imeitika katika Sasa. Vilevile liko ziwa Simbi Nyaima, karibu na Kendu Bay. Masimulizi yanasema kijiji kizima kilizamishwa hapo baada ya kumfukuza bibi kizee aliyeomba hifadhi. Maji tunayoyaona leo ndiyo hukumu ya jana. Mwanafunzi anayeijua ngano hiyo ameshaielewa nusu ya nadharia ya Mbiti kabla hujaandika neno ubaoni.

Upungufu wake

Hata hivyo, Mbiti alijumlisha mno. Okot p'Bitek, katika kitabu chake cha mwaka wa 1970, aliwakosoa wasomi walioziona dini za Kiafrika kwa miwani ya Kikristo, Mbiti akiwa miongoni mwao. Naye Kwame Gyekye wa Ghana, mwaka wa 1987, alilikataa dai la kukosekana kwa wakati ujao akitumia ushahidi wa Kiakan.

Sisi tuongeze ushahidi wa Kiswahili chenyewe. Kwanza, neno "zamani" halikujifunga kwa mambo yaliyopita. Wazee husema "zamani hizi" wakiwa na maana ya siku tulizo nazo. Neno ambalo Mbiti alilichagua ili litenge nyakati linakataa kutenga. Pili, lugha yenye kesho, keshokutwa, mtondo na mtondogoo si lugha ya watu wasiohesabu siku zijazo. Mbiti angejibu kuwa mtondogoo bado ni karibu. Basi tumpeleke Thimlich Ohinga, huko Migori, kwenye boma la mawe lililopangwa bila saruji, linalokisiwa kuwa la karne ya 16 na ambalo UNESCO ililiingiza katika Urithi wa Dunia mwaka wa 2018. Jamii zilizopokezana boma hilo zilikuwa zikilitengeneza upya. Je, mtu hupanga ukuta wa namna hiyo kwa ajili ya misimu miwili tu?

Matumizi darasani

Katika Babu Alipofufuka (2001) cha Said Ahmed Mohamed, babu anatoka mautini kumkabili K, mjukuu wake mwenye cheo. Kwa kumtumia Mbiti, mwanafunzi ataona kuwa babu si kioja cha kutisha. Ni Zamani inayodai hesabu kwa Sasa iliyosaliti. Hapo nadharia inafaa kabisa.

Lakini chukua Walenisi (1995) cha Katama Mkangi. Dzombo anahukumiwa kifo, anarushwa angani katika chombo, na anafika kwenye ulimwengu wenye haki. Jina lenyewe lavunjika kuwa "wale ni sisi". Ulimwengu ule unakwenda sambamba na wetu, nao ni ule tunaoweza kuwa. Hauko katika Sasa wala Zamani. Ni kesho ya mbali, iliyobuniwa na mwandishi aliyetiwa kizuizini mwaka wa 1986. Tukimfuata Mbiti neno kwa neno, riwaya hii itakosa pa kukaa.

Hitimisho

Mwalimu mwenzangu, mfundishe mwanafunzi wako kuuliza maswali matatu kila nyakati zinapokutana katika kazi ya fasihi: nani amevuka, amevuka kutoka wakati upi, na amekuja kudai nini? Mbiti atamsaidia kujibu iwapo aliyevuka ametoka nyuma. Akitoka mbele, mwache mwanafunzi ampinge Mbiti kwa ushahidi wa matini. Kijana wa kidato cha tatu aliyeambiwa na kitabu kikubwa kwamba mababu zake hawakuwa na kesho ana haki ya kujibu, na somo letu ndilo linalompa maneno ya kujibia.